Kumrudisha Marehemu Nyumbani kama Mzimu kwenye The Sims 4, Hatua kwa Hatua

Wachezaji wengi wa The Sims 4, mchezo wa kuigiza maisha ya watu wa nyumbani, wanampoteza marehemu wao moja kwa moja kwa sababu wanadhani Mtoa Roho (Grim Reaper, anayekuja kuwachukua waliokufa) akishaondoka, mambo yamekwisha. Hapo ndipo kazi inapoanza. Marehemu anabaki ndani ya chungu cha majivu au kwenye jiwe la kaburi, na kutoka hapo unaweza kumwita, kurudisha urafiki naye, kumhamishia nyumbani ukamchezesha kama mtu mwingine yeyote wa kaya, na mwisho, ukitaka, kumfufua. Ukiruka hatua moja, au ukaiuza ile kaburi bila kujua, ndiyo basi tena.

Mwongozo huu unatumia mchezo wa msingi peke yake, ambao ni bure tangu Oktoba 2022. Mizimu wamo humo tangu Oktoba 2014, walipoletwa na apdeti ya bure mwezi mmoja baada ya mchezo kutoka. Vipo vifurushi vya kulipia vinavyopanua mambo haya: Paranormal Stuff ya Januari 2021 ina nyumba zenye mizimu, na Life & Death ya Oktoba 2024 ina mji wa Ravenwood na nguvu za mizimu zinazokua kadiri unavyocheza. Ni vizuri, lakini usinunue hata kimoja kabla hujamaliza haya ya bure.

Kuhusu mashine na umeme

Mchezo ni mzito kuupakua, zaidi ya GB 20, kwa hiyo kwa bando la kawaida panga usiku au tafuta sehemu yenye waifai ya uhakika. Ukishaupakua na kuingia kwenye akaunti mara moja, unaweza kucheza bila intaneti. Kama unatumia laptop ya mtumba isiyo na kadi ya picha ya maana, ingia kwenye mipangilio ya picha uwashe Laptop Mode. Kwa joto la Dar hilo linasaidia mara mbili: mchezo unakwenda laini na mashine haichemki hadi kujizima.

Kisha sevu. Mchezo huu usiutegemee ujisevu wenyewe. Umeme ukikatika Mtoa Roho akiwa sebuleni, unarudi pale uliposevu mara ya mwisho. Kabla ya kifo chochote unachokitarajia, tumia Save As uipe sevu jina jipya, kwa mfano "kabla ya msiba". Usiandike juu ya ile ya zamani, maana ndiyo njia yako ya kurudi nyuma mambo yakiharibika.

Hatua ya 1: Andaa kaya

Lazima abaki mtu hai. Kaya ikiwa na mtu mmoja naye akafa, hakuna wa kushughulikia kaburi, na mchezo unakutoa kwenye kaya hiyo. Anza na watu wazima wawili angalau, na uhakikishe wanapendana: mstari wa urafiki uwe umejaa vizuri kabla ya kifo. Urafiki haufutiki mtu akifa. Ukiujenga mapema, hatua ya 4 utaimaliza kwa usiku mmoja. Usipoujenga, utakesha ukipiga soga na mzimu asiyekujua.

Hesabu pia vichwa. Kaya haipiti watu wanane, na mzimu anahesabiwa kama mtu kamili. Mkiwa wanane tayari baada ya msiba, kwa mfano kwa sababu mtoto amezaliwa, hakuna nafasi ya kumrudisha.

Hatua ya 2: Kifo

Njia ya heshima zaidi, na rahisi kuliko zote, ni uzee. Ingia kwenye mipangilio ya mchezo, weka urefu wa maisha kuwa mfupi, kisha mwache babu au bibi wa kaya amalize siku zake. Kama huna mzee, mzee wa jirani akifia kwenye kiwanja chako wakati wa ziara, kaburi lake linabaki kwako pia.

Wanaotaka mzimu wa rangi fulani huchagua kifo. Aliyezama ni wa buluu, aliyepigwa na umeme ni wa njano. Kwa umeme, mtu asiye na ujuzi wa ufundi anatengeneza kifaa kilichoharibika, kwa mfano TV. Pigo la kwanza humwacha ametoka moshi na kuduwaa. Akirudia kabla hali hiyo haijaisha ndipo anaweza kufa. Kwa maji, kuondoa ngazi ya bwawa pekee hakusaidii, maana kwenye toleo hili watu wanapanda ukingoni na kutoka. Ni mpaka bwawa lizungushiwe uzio pande zote.

Mtu akianguka, mchezo unabadilika papo hapo: wengine wanaacha walichokuwa wanafanya, wanakusanyika na kulia, halafu wingu jeusi linatokea na Mtoa Roho anasimama na fyekeo lake. Hapo kuna dirisha dogo la kumsihi. Aliye karibu na marehemu anaweza kumbembeleza Mtoa Roho amwache hai, na anaweza kukubali au kukataa. Ukiwa na Death Flower (ua la kifo, namna ya kulipata iko hatua ya 6) kwenye mkoba, unaweza kumpa ua hilo badala ya kumsihi kwa maneno, na hiyo ndiyo kinga ya kuaminika. Lakini kama lengo lako ni mzimu, usisihi. Kaa tu kwenye kiwanja mpaka amalize. Ukiondoka au ukifunga mchezo katikati, ndipo makaburi yanapopotea.

Hatua ya 3: Linda kaburi

Akifia ndani, unabaki na chungu. Akifia nje, unabaki na jiwe. Chochote kati ya hivyo kina marehemu mzima ndani yake, na hapa ndipo wengi wanapoharibu. Kwenye hali ya ujenzi, kaburi linaonekana kama samani: ukilivuta kwenye sehemu ya kuuzia, linakwenda pamoja na mtu wake. Ukibomoa nyumba ili ujenge upya, hali kadhalika. Hivyo kabla ya kugusa kitu chochote cha ujenzi, mwambie mtu wa kaya alibebe chungu mkobani mwake, au kipange sehemu ambayo hutaigusa, kona ya uani au chumba kidogo peke yake. Ukihama, beba mkobani, usiliache kwenye nyumba ya zamani.

Halafu bofya kaburi na uchague kuimarisha muunganiko wake na ulimwengu huu. Kwenye menyu imeandikwa Strengthen Connection to Physical World. Fanya hivyo siku ileile, na urudie kila baada ya siku chache za mchezo. Bila muunganiko mzimu anafifia na mwishowe hatokei tena. Chini ya menyu hiyohiyo kuna chaguo la kuiachia roho iende kuzimu. Usilibofye kwa kupapasa: halina kurudi, kaburi linatoweka palepale.

Wafiwa watakuwa na huzuni kwa siku kadhaa, na mwenye huzuni hafanyi kazi vizuri. Wape nafasi ya kulia kitandani na kumlilia marehemu kaburini, hali yao itatulia mapema.

Hatua ya 4: Mwite, mzoeane, mhamishie

Mizimu hutoka usiku. Giza likiingia bofya kaburi na umwite marehemu kwenye ulimwengu wa walio hai. Wakati mwingine anajitokeza mwenyewe bila kuitwa, akielea kwenye korido au akisumbua vitu. Mwenye hasira anavuruga vyombo na kuwatisha watu. Aliye na furaha ni mgeni tu. Usianze naye kwa ugomvi.

Mfuate ukae naye kama na mgeni wa kawaida: salamu, mazungumzo, mizaha midogo, masimulizi. Angalia mstari wa kijani wa urafiki. Kama ni mume, mke au mzazi aliyekufa mkiwa mnapendana, mstari uko juu tayari. Kama ni jirani, inaweza kuchukua usiku mbili au tatu. Mstari ukiwa juu vya kutosha, kwenye menyu ya kirafiki linatokea chaguo la kumwalika ahamie kwenye kaya. Litumie mara moja, maana alfajiri anatoweka, na ukichelewa unasubiri usiku unaofuata. Akikubali, picha yake inajitokeza kwenye orodha ya watu wako chini kushoto, na kuanzia hapo unamchezesha mwenyewe.

Chaguo lisipotokea, sababu ni chache: urafiki bado, kaya imejaa, au unamtumia mtu asiyemjua kuzungumza naye. Mbadilishie mzungumzaji kwanza kabla ya kuhangaika na lolote.

Hatua ya 5: Maisha na mzimu

Mzimu wa kaya ana mahitaji yake: atakula, atakwenda chooni, atalala, atataka kuoga na kuongea. Usimtelekeze kwa kudhani yeye hana shida. Tofauti ni mwili wake wa mwanga na vile anavyopita mlangoni bila kuufungua. Na ana jambo moja la kufurahisha hasa: anaweza kujiingiza ndani ya vitu. Bofya friji, kompyuta au hata choo, uchague la kukimiliki, utaona kitu kinatetemeka na kung'aa kwa rangi yake. Wengine wa kaya wakishuhudia, wanashtuka. Ni vizuri ukifanya hivyo kwa kiasi, wageni wakiwa wengi nyumba inakuwa na vituko hadi chakula kinaungua jikoni.

Hatua ya 6: Kumfufua kwa Ambrosia

Mimi naona hii ndiyo njia bora, japo ni ndefu. Ambrosia ni chakula. Mzimu akikila anarudi kuwa hai kabisa. Unahitaji vitu vinne: mpishi aliyefika kiwango cha 10 cha upishi wa hali ya juu, samaki aina ya Angelfish, Potion of Youth (dawa ya ujana) na Death Flower.

Upishi: ule wa hali ya juu haufunguki mpaka upishi wa kawaida ufike kiwango cha 5. Anza mapema basi, hata marehemu akiwa bado hai.

Potion of Youth inanunuliwa kwa pointi 1,500 za kuridhika, ambazo mhusika huzipata kwa kutimiza matamanio yake. Angelfish ni wa nadra, kwa hiyo mwache mwenye ujuzi mzuri wa uvuvi asubiri.

Death Flower ndiyo inayokwamisha watu, kwa kuwa inatakiwa kuzalishwa kwa kuunganisha mimea mara tatu. Kuunganisha kunafunguka mkulima akifika kiwango cha 5. Chukua kipande cha mtufaha ukipandikize kwenye mcheri, utapata komamanga. Pandikiza ua la Snapdragon kwenye ua la Lily, utapata ua la Orchid. Panda komamanga na Orchid, ziache zikue, halafu unganisha hizo mbili. Mti uliounganishwa unatoa matunda mchanganyiko, kwa hiyo usikate tamaa mavuno ya kwanza yasipokuwa na ua unalolitaka. Mwagilia kila siku. Kama umenunua kifurushi cha misimu, mimea hulala ikiwa nje ya msimu wake. Ijengee chumba chenye paa.

Vyote vikiwa mkobani mwa mpishi, fungua friji au jiko upike. Ukimaliza, usiiache mezani: mwenzako mwenye njaa ataila na utaona mtu hai ameanza upya hatua ya umri wake, huku mzimu amebaki vilevile. Mwamuru mwenyewe mzimu akaile, na anapaswa kuwa ndani ya kaya tayari, kwa sababu mgeni huna uwezo wa kumwamuru.

Njia nyingine ni Book of Life. Inataka ujuzi wa kuandika kiwango cha 10 na kumaliza ndoto (lengo la maisha la mhusika) ya Bestselling Author, ambayo inampa mwandishi sifa ya Poetic. Akiandika kitabu hicho, anakifungamanisha na mtu mmoja. Akifa, kukisoma kunamrudisha. Fungamanisha na mpendwa wako akiwa hai, usisubiri msiba.

Kama huna subira ya kufika kiwango cha 10, shikilia Ctrl, Shift na C, andika testingcheats true, bonyeza Enter, kisha stats.set_skill_level Major_HomestyleCooking 10 na stats.set_skill_level Major_GourmetCooking 10. Kwa pointi ni sims.give_satisfaction_points 1500. Kwenye PlayStation na Xbox kutumia chiti (misimbo kama hii) kunazima tuzo za sevu hiyo, kwa hiyo jaribu kwenye nakala.

Mwisho, sevu ikiharibika, kwenye orodha ya kupakia mchezo chagua urejeshe toleo la nyuma la sevu yako. Na kabla ya apdeti kubwa nakili folda nzima ya saves, iliyopo Documents, ndani ya Electronic Arts, ndani ya The Sims 4, uiweke kwenye flashi.