Wakili mpya wa Serikali Pemba: shika penseli kabla ya kitabu

Mdogo wangu, umepangiwa Pemba na nasikia umeshanuna. Usinune. Mimi nilisoma Dar es Salaam, nikashuka bandari ya Mkoani na begi la nguo na begi la vitabu, na hilo la vitabu ndilo lililonitia aibu.

Jalada langu la kwanza lilikuwa la ardhi. Nikaandika kurasa sita nikiegemea Sheria ya Ardhi ya 1999. Mheshimiwa wa mahkama akazisoma zote, akavua miwani, akauliza taratibu: "Wakili, sheria hii imevuka bahari lini?" Haijavuka, ni ya Tanzania Bara. Ardhi si jambo la Muungano. Huku tuna Sheria ya Umiliki wa Ardhi, namba 12 ya 1992.

Basi ukipokea jalada, chukua penseli uandike juu yake: Muungano au Zanzibar? Mambo ya Muungano yako 22, yamo katika nyongeza ya kwanza ya Katiba ya Muungano. Hata sheria ikiwa imetungwa Dodoma, tazama kama yenyewe inasema inatumika Zanzibar, kisha fungua kifungu cha 132 cha Katiba yetu ya 1984 uulize kama ilipelekwa Baraza la Wawakilishi. Jinai nayo ina yake: Sheria ya Adhabu namba 6 ya 2018. Talaka au mirathi ikianzia kwa Kadhi, usimwahidi mtu Mahkama ya Rufani ya Tanzania; kifungu cha 99 cha Katiba ya Zanzibar kimeshaufunga mlango huo.

Baada ya hapo toka afisini. Hapa ndipo wengi wanapovivia. Nenda shamba pamoja na sheha, yule kiongozi wa Serikali wa eneo hilo, na umuulize maswali mawili mbalimbali: miti ya nani, na ardhi ya nani? Mdai mmoja alikuwa anasema "shamba langu", nami nikajibu hoja za ardhi wiki tatu nzima. Kumbe anadai mikarafuu kumi na minne aliyoachiwa na babu yake, chini si pake wala hajapadai. Huku mti una mwenyewe na udongo una mwenyewe. Omba uoneshwe karatasi za eka tatu, zile watu walizogaiwa baada ya Mapinduzi ya 1964. Hutolewa chini ya godoro, kwenye mfuko wa nailoni, zimekunjwa hadi zimekatika. Piga picha pale pale, kisha mrudishie mwenyewe mkononi. (Msimu wa kuchuma karafuu usijisumbue kwenda, hutamkuta mtu nyumbani.)

Maoni ya kisheria kwa wizara: ukurasa mmoja, Kiswahili, jibu mstari wa kwanza.

Kesi ikiwa Unguja, vuka siku moja kabla. Upepo wa kusi ukikaza boti huchelewa, na jaji hakungoji. Jalada litie ndani ya plastiki, ulipakate mwenyewe. Mizigo ya nyuma hurowa.