Daftari la Upasuaji: Kutoka Wodi za Hospitali ya Bombo, Tanga, hadi Uongozi wa Chuo Kikuu

Kijana wa Tanga anayetaka kuwa daktari bingwa wa upasuaji ajipange kwa miaka mingi. Kidato cha sita asome Fizikia, Kemia na Baiolojia. Shahada ya udaktari ni miaka 5, kisha mwaka mmoja wa utarajali na usajili katika Baraza la Madaktari Tanganyika. Ubingwa una njia mbili: shahada ya uzamili chuoni, kama pale Muhimbili, au mafunzo ya COSECSA, yaani Chuo cha Madaktari wa Upasuaji cha Afrika Mashariki, Kati na Kusini, chenye makao Arusha. COSECSA haina madarasa. Unafundishwa kazini katika hospitali iliyoidhinishwa, miaka 2 ya ngazi ya kwanza na 3 ya ubingwa.

Hayo wengi wanayajua. Kinachowakwamisha baadaye ni daftari la upasuaji, ambalo lianze siku ya kwanza ya utarajali. Kila upasuaji uwe na tarehe, namba ya faili (jina usiandike), umri, ugonjwa, kama ni dharura au wa kupangwa, na nafasi yako: ulisaidia, ulifanya ukisimamiwa, au ulifanya mwenyewe. Jaza kabla hujatoka thieta. Ukingoja Ijumaa, utasahau wagonjwa wa Jumanne.

Chukua busha, ambalo pwani yetu inalijua vizuri kwa sababu ya minyoo ya matende inayoenezwa na mbu. Ukiandika “busha, amepasuliwa” hujaandika kitu. Andika upande, maji yaliyotoka kwa mililita, kifuko kimekatwa au kimegeuzwa, mrija umewekwa au la. Acha nafasi ya kuandika hali ya mgonjwa siku ya 7 na ya 30. Damu kuvilia huonekana mapema, usaha huchelewa kidogo, na busha linaweza kurudi baada ya miezi. Mgonjwa wa Pangani au Mkinga asiye na nauli harudi kliniki, nawe ukamhesabu amepona! Kwa hiyo namba ya simu ya ndugu yake iwekwe kwenye faili la hospitali, apigiwe.

Daftari la namna hiyo ndilo linalozaa utafiti. Ila omba kwanza kibali cha kamati ya maadili, ndipo uanze kukusanya takwimu. Majarida mengi hayapokei makala isiyo nacho. Bila machapisho utabaki Mhadhiri. Kupanda hadi Mhadhiri Mwandamizi, Profesa Mshiriki na Profesa kunahitaji makala zilizopimwa na wataalamu wengine.

Uongozi huanzia chini: kuratibu mafunzo, kisha ukuu wa idara. Hapo kazi yako ya kwanza ni ratiba. Wanafunzi 15 wakizunguka kitanda kimoja, wa nyuma hawaoni kidonda na mgonjwa anafedheheka. Wagawe watano watano. Anayeendesha chuo kila siku ni Makamu Mkuu wa Chuo, na cheo hicho hula muda wote. Ukifika huko, linda siku moja ya thieta kwa wiki, na siku ukiwa zamu ya dharura mwachie naibu aongoze kikao. Mikono isiyopasua miezi sita huanza kusitasita, na anayeumia ni mgonjwa.

Katika kikao cha kila mwezi cha vifo na madhara, mkuu wa idara atangulie kusoma ya kwake kutoka daftarini. Akianza na ya madaktari tarajali, mwezi ujao wataficha.