Dampa ya Baipasi: Muulize Fundi Haya Kabla Hajakata Dakti

Nyumba nyingi za ghorofa tunazonunua Minnesota, Ohio au Texas zina mtambo mmoja tu wa joto na baridi: tanuru la gesi, koili ya kiyoyozi (mirija inayopoza hewa) juu yake, na feni inayosukuma hewa kwenye dakti, yaani mifereji ya bati, hadi vyumbani. Nyingine zimegawanywa kanda, juu na themostati yake na chini na yake, na ndani ya dakti kuna vibao vinavyoziba upande usiohitaji hewa. Balaa huanzia hapo. Feni ya kasi moja haina habari kwamba njia zimezibwa. Inasukuma hewa ileile, presha inapanda, matundu yanapiga mluzi.

Baipasi ni dakti fupi inayochukua hewa iliyozidi na kuirudisha upande wa kuvutia hewa. Dampa yake ndiyo mlango. Ya bei nafuu ina mkono wenye uzito na hufunguka yenyewe presha ikizidi. Nyingine huendeshwa na mota.

Fundi wengi huisifia bila kutaja upande wa pili. Hewa inayorudi tayari imeshapozwa, na ikipozwa mara ya pili na ya tatu koili inaota barafu. Majira ya baridi mambo yanageuka: tanuru linazidi joto na swichi ya usalama inalizima. Kwa hiyo lazima kuwe na kihisi joto kwenye dakti ya kutolea hewa, kisimamishe mtambo kabla ya hapo. Kanuni za nishati za California zimeibana baipasi kwa sababu ya upotevu huu, na mimi naona wana haki. Uliza kwanza kama dakti za kanda ndogo zinaweza kupanuliwa, au kama feni inaweza kubadilishwa iwe ya kupunguza kasi.

Ukiamua kuweka, dai hesabu. Kiyoyozi hukadiriwa futi za ujazo 400 za hewa kwa dakika kwa kila tani, ambayo hapa ni kipimo cha uwezo wa kupoza, si uzito. Cha tani 3 ni 1,200. Kanda ndogo ikipokea 500, zinabaki 700 zisizo na pa kwenda. Asiyeweza kukutajia namba hizo kwa nyumba yako, mshukuru na umtafute mwingine.

Baipasi hutobolewa kabla ya vibao vya kanda, na upande wa kurudi iingie mbali na mtambo ili hewa ichanganyike. Mshale wa dampa ufuate mwendo wa hewa. Maungio yazibwe kwa mastiki (gundi nzito ya kuziba) au tepu ya foili, maana ile tepu ya kitambaa ya kijivu hubanduka kwa joto.

Marekebisho ndiyo yanayorukwa. Kanda zote zikiwa wazi, dampa iwe imefungwa kabisa. Kisha iachwe wazi kanda ndogo peke yake, na uzito usogezwe hadi presha ishuke chini ya kiwango kilichoandikwa kwenye mtambo, mara nyingi nusu inchi ya maji, kizio cha presha ya hewa. Ipimwe kwa manomita, yaani kipima presha, si kwa sikio.

Mpangaji asiguse chochote; amwandikie mwenye nyumba. Mwenye nyumba aulize manispaa kuhusu kibali, na aandike kwenye mkataba kwamba kazi ya majira ya baridi itapimwa tena kiangazi, kwa sababu barafu ya koili hutaiona Januari.