Namna ya Kusoma Soko la Elektrodi za Kaboni: Mfano wa India

Mtu akitaka kujua hali ya soko la elektrodi za kaboni katika nchi fulani, mara nyingi huanza kwa kutafuta takwimu za uzalishaji wa chuma cha pua (steel), kisha huchukulia kwamba chuma kikiongezeka, elektrodi nazo zitaongezeka kwa kiasi hicho hicho. Njia hiyo humpoteza, na India ni mfano mzuri wa jinsi inavyompoteza. Tangu 2018 India ni ya pili duniani kwa uzalishaji wa chuma cha pua, ikitanguliwa na China peke yake, lakini sehemu kubwa ya elektrodi zinazotengenezwa humo huishia katika matanuri ya nchi nyingine. Atakayekadiria soko hilo kwa kuitazama India tu ataandika ripoti nadhifu yenye jibu lisilo sahihi.

Elektrodi inayozungumzwa hapa ni nguzo nyeusi ya grafiti inayopitisha umeme ndani ya tanuri. Nguzo yenye kipenyo cha milimita 600 na urefu wa mita 2.7 ina uzito wa tani 1.3 hivi. Katika tanuri la kawaida la mkondo geu (AC), nguzo tatu huning'inizwa juu ya chuma chakavu, na umeme hurukia chuma hicho kwa cheche kali ya namna ile anayoitoa fundi wa kuchomelea mageti, ila kubwa kupita kiasi. Kwa kuwa ncha ya nguzo hulika kila inapotumika, kiwanda hakinunui elektrodi mara moja na kumaliza, bali huzinunua mwaka mzima kama jiko linavyonunua mkaa.

Msomaji wa Tanzania aanze na tahadhari moja. Kinywe cha Mahenge au Ruangwa sicho malighafi ya elektrodi hizi. Kinywe ni grafiti ya asili, na soko linalokivutia sasa ni la betri na vifaa vya kuhimili joto. Elektrodi za tanuri hutengenezwa kwa grafiti ya kiwandani, ambayo chanzo chake ni koki ya sindano, yaani koki (coke), kaboni ngumu yenye muundo wa nyuzi inayopatikana kutokana na masalia ya kusafisha mafuta ya petroli au kutokana na lami ya makaa ya mawe. Koki hiyo husagwa, huchanganywa na lami, husukumwa ikawa nguzo, huokwa, hunyweshwa lami tena, huokwa mara ya pili, kisha hupashwa kwa umeme hadi kati ya nyuzi 2,800 na 3,000 za Selsiasi ndipo kaboni igeuke kuwa grafiti. Kazi yote huchukua miezi kadhaa. Muda huo ukumbukwe, kwa sababu ndio unaoeleza kwa nini bei ya bidhaa hii hupanda ghafla na kushuka ghafla.

Anza na aina ya tanuri

Hatua ya kwanza ni kujua chuma cha nchi hiyo kinayeyushwa katika tanuri la aina gani. Tanuri la tao la umeme, yaani lile la cheche lililoelezwa hapo juu, hutumia elektrodi. Tanuri la induksheni halitumii, kwa sababu humo umeme hupita katika koili ya shaba iliyozunguka chungu, na chuma huyeyuka bila kuguswa na nguzo yoyote. Hapa ndipo India huwachanganya wengi. Zaidi ya nusu ya chuma chake hutokana na matanuri ya umeme, na msomaji wa haraka akiona hivyo hudhani soko la elektrodi ni kubwa mno, ilhali sehemu kubwa ya matanuri hayo ni ya induksheni, yaliyo katika viwanda vidogo na vya kati vilivyotapakaa nchini. Kwa upande mwingine, hata kiwanda kinachotumia tanuri la kupuliziwa hewa na makaa huhitaji elektrodi kiasi, kwa kuwa chuma kikishayeyuka hupelekwa katika tanuri dogo la kusafishia na kurekebishia mchanganyiko, nalo hupashwa kwa nguzo za grafiti.

Ukishajua aina ya tanuri, hesabu inakuwa nyepesi. Tanuri la tao la umeme hutumia kati ya kilo 1 na kilo 2 za elektrodi kwa kila tani ya chuma, kutegemea umri wa mitambo na ustadi wa waendeshaji. Kiwanda cha tani 500,000 kwa mwaka, kwa wastani wa kilo 1.5, kitahitaji tani 750 za elektrodi. Sasa ipime India kwa kipimo hicho. Chukulia, kwa ajili ya hesabu tu, kwamba matanuri ya tao nchini humo yanatoa tani milioni 30 kwa mwaka, tena kwa matumizi ya juu ya kilo 2. Jibu ni tani 60,000. Kisha tazama uwezo wa viwanda: kampuni ya HEG, yenye kiwanda Mandideep karibu na Bhopal, ilipanua uwezo wake kutoka tani 80,000 hadi tani 100,000 kwa mwaka, na kampuni ya Graphite India ina uwezo wa tani 80,000 ndani ya nchi. Jumla ni tani 180,000. Uwezo si uzalishaji, na mara nyingi viwanda hivyo havijazi uwezo wote, lakini pengo ni pana kiasi kwamba halihitaji darubini: India haina budi kuuza nje.

Kwa sababu hiyo, anayeandika juu ya mustakabali wa elektrodi za India anapaswa kutumia muda mwingi akitazama Uturuki, Misri, Marekani, Ulaya na nchi za Ghuba. Karibu asilimia 70 ya chuma cha Marekani hutoka katika matanuri ya tao. Oman, Saudi Arabia na Falme za Kiarabu huyeyusha madini ya chuma yaliyoondolewa oksijeni kwa gesi, wakitumia matanuri hayo hayo, na bandari ya Sohar, Oman, haiko mbali na bandari za India za Mundra na Nhava Sheva. Hata kundi la Tata, ambalo ni la India, lilizima tanuri lake la mwisho la makaa huko Port Talbot, Wales, mwezi Septemba 2024 ili kujenga tanuri la tao la umeme lenye uwezo wa tani milioni 3. Kwa kilo 1.5, tanuri hilo pekee ni mahitaji ya tani 4,500 za elektrodi kwa mwaka.

Kusoma takwimu za forodha

Elektrodi za tanuri husajiliwa duniani kote kwa namba ya forodha 8545.11. Namba 8545.19 ni ya elektrodi nyingine, na humo huingia anodi za kuzalishia alumini, 8545.20 ni brashi za kaboni za mota na jenereta, na 8545.90 ni vitu vingine vya kaboni vya matumizi ya umeme. Uji wa kaboni unaogandishwa ndani ya tanuri la kuzalishia aloi kama feromanganizi au ferokromu uko mbali kabisa, katika 3801.30, na kinywe kiko 2504. Mtu akichukua jumla ya 8545 yote na kuiita soko la elektrodi, amechanganya nguzo ya tani moja na brashi inayoenea kiganjani.

Kwa India, takwimu hutolewa na Wizara ya Biashara kwa mwaka wa fedha unaoanza Aprili na kuishia Machi, wakati hifadhi ya takwimu za biashara ya Umoja wa Mataifa hutumia mwaka wa kalenda. Usilinganishe safu mbili hizo kana kwamba ni moja. Mauzo ya nje huandikwa kwa thamani ya bidhaa ikipakiwa melini, na manunuzi kutoka nje kwa thamani iliyojumlisha nauli na bima, hivyo kile India inachosema imeuza hakitalingana na kile mnunuzi anachosema amenunua. Ripoti za kampuni nazo huandikwa kwa laki na kroa. Laki msomaji wa Kiswahili anaijua tangu utotoni, maana neno ni lile lile na hesabu ni ile ile ya 100,000. Kroa moja ni laki mia, yaani milioni 10.

Jambo ninalolisisitiza kuliko yote katika sehemu hii ni kusoma uzito kabla ya thamani. Thamani ya mauzo ikipanda mara tatu, inawezekana kabisa kwamba hakuna hata nguzo moja ya ziada iliyosafirishwa. Gawanya thamani kwa uzito, upate bei ya kilo, kisha ipange mwezi kwa mwezi. Bei hiyo pia hufichua makosa ya usajili: shehena iliyoandikwa kuwa elektrodi za tanuri lakini ikauzwa chini ya dola moja kwa kilo yaelekea ni anodi au kaboni isiyogeuzwa grafiti.

Somo la 2017 na 2018

Hakuna kipindi kinachofundisha soko hili kama miaka hiyo miwili. Kabla yake bei ilikuwa imelala kwa muda mrefu, na HEG ilifunga mwaka wa fedha 2016/17 kwa hasara. Katikati ya 2017 China ilifunga viwanda vilivyoyeyusha chuma chakavu kiholela katika matanuri ya induksheni, ikabana pia viwanda vya kaboni vilivyochafua hewa. Chuma chakavu kikahamia kwenye matanuri ya tao, mahitaji ya elektrodi yakaongezeka wakati uzalishaji wake unabanwa, na papo hapo watengenezaji wa betri za lithiamu walikuwa wakigombania koki ile ile ya sindano. Kwa kuwa nguzo huchukua miezi kutengenezwa, hakuna aliyeweza kuziba pengo mara moja. Bei iliyokuwa dola elfu mbili au tatu kwa tani ilipita dola 10,000. Katika mwaka wa fedha 2018/19 HEG ilipata faida ya kroa 3,000 hivi, yaani rupia bilioni 30.

Wanunuzi waliingiwa na hofu. Kampuni ya Marekani GrafTech iliwafungia wengi mikataba ya miaka kadhaa kwa wastani wa karibu dola 9,700 kwa tani, na soko la kawaida lilipoanguka tangu 2019, wenye mikataba hiyo waliendelea kulipa bei ya wakati wa hofu. India yenyewe, ambayo ilikuwa ikitoza elektrodi za China ushuru dhidi ya bei ya kutupa (yaani wa kuzuia bidhaa za nje zinazouzwa kwa bei ya chini isivyo haki) tangu 2015, iliuondoa ushuru huo 2018 ili kuwapunguzia mzigo wenye viwanda vya chuma. Katika mwaka uo huo, mwezi Agosti, Marekani ilirejesha vikwazo dhidi ya Iran, vikagusa na biashara ya grafiti, wakati Iran ni nchi yenye matanuri mengi ya tao.

Kutokana na hayo, orodha ya vitu vya kufuatilia kila robo ya mwaka haina urefu. Cha kwanza ni koki ya sindano, ambayo viwanda vya India huiagiza kwa kiasi kikubwa kutoka Marekani, Uingereza na Japani. Mahitaji ya betri yakipanda, gharama za Mandideep na za Durgapur, kwenye kiwanda cha Graphite India, hupanda nazo. Cha pili ni mauzo ya China, na hapa pana mtego wa habari. China ilipotangaza udhibiti wa grafiti ulioanza tarehe 1 Desemba 2023, magazeti mengi yaliandika kana kwamba elektrodi zimezuiwa, ilhali tangazo lile lile liliondoa udhibiti wa muda uliokuwa juu ya elektrodi za tanuri. Cha tatu ni ushuru: Umoja wa Ulaya ulianza kuzitoza elektrodi za India ushuru dhidi ya bei ya kutupa 2004, na za China 2022. Cha nne, ambacho wengi hukisahau, ni chuma chenyewe cha China, ambacho mauzo yake ya nje yalipita tani milioni 100 mwaka 2024. Chuma hicho cha bei nafuu kikifika sokoni, viwanda vya matanuri ya tao katika nchi nyingine hupunguza kazi, na agizo la elektrodi hupungua hata kama mipango ya matanuri mapya haijabadilika.

Kuandika makadirio

Zipo ripoti zinazouzwa ghali ambazo husema soko litakua kwa asilimia fulani kila mwaka kwa miaka kumi, na asilimia hiyo ina nukta ya desimali. Kwa bidhaa iliyopanda zaidi ya mara tatu na kuanguka ndani ya miaka mitatu, sioni mstari ulionyooka una kazi gani. Andika makadirio mawili yaliyotengana: moja la tani, jingine la bei. La tani linaweza kwenda mbali, kwa sababu tanuri huchukua miaka kujengwa na hutangazwa mapema. Orodhesha matanuri mapya, weka mwaka wa kuwashwa, zidisha tani zake za chuma kwa kilo 1.5, kisha ahirisha kila tarehe kwa mwaka mmoja, maana miradi hii huchelewa. Ongeza sababu ya sera, hasa ushuru wa kaboni wa mpakani wa Ulaya, ambao hatua yake kamili ilianza Januari 2026 na ambao unawapa wazalishaji sababu ya kuacha makaa. La bei lisivuke miezi kumi na miwili, na liandikwe kwa kiwango cha chini na cha juu.

Msomaji wa Afrika Mashariki anayefikiria kuagiza elektrodi za India ili aziuze Mombasa au Dar es Salaam arudi kwenye hatua ya kwanza kabla ya kuomba bei. Viwanda vingi vya eneo letu vinavyoyeyusha chuma chakavu hutumia matanuri ya induksheni, na mwenye tanuri hilo hatanunua nguzo hata kwa bei ya bure. Pale palipo na tanuri la tao au la kusafishia chuma, aulize kipenyo, daraja la nguzo, aina ya skrubu ya kiungio na matumizi ya mwezi, kwa kuwa nguzo isiyooana na kishikio cha tanuri hairekebishiki kwa tupa. Kisha ahesabu muda wa kutengenezwa na wa safari ya meli kwa pamoja, na agizo liondoke kabla akiba ya kiwanda haijashuka hadi ya miezi minne.