Tawi la mti wa jirani limeingia kwako? Fanya hivi kabla hujashika panga

Nasuluhisha migogoro ya majirani, na hizi kesi za miti nyingi zingeisha kwa maongezi ya nusu saa getini. Zinafika mahakamani kwa sababu mtu alikata kwanza ndo akauliza sheria inasemaje, mwisho wa siku anashtakiwa yeye wakati haki ilikuwa kwake. Kwa hiyo fuata mpangilio, usiruke hatua.

Hatua ya 1: Jua mpaka unapita wapi

Usiamini ukuta wala ua, maana fundi anaweza kuwa alijenga ndani au nje ya mpaka na hakuna aliyepima tena. Chukua hati na ramani ya kiwanja, tafuta bikoni (zile alama za mpaka zilizofukiwa kwenye kona za kiwanja), zisipoonekana mlipe mpima ardhi. Watu wanaikwepa hii gharama ila yote yanayofuata yanategemea huo mstari. Shina likikutwa limekaa juu ya mpaka wenyewe, sehemu nyingi mti unahesabika wa wote wawili, usiuguse bila yeye kukubali.

Hatua ya 2: Kusanya ushahidi

Piga picha ya mbali inayoonyesha mpaka na nyumba zote mbili, halafu za karibu: tawi lilivyolala juu ya bati, rangi ilivyokwaruzika, majani yalivyoziba mfereji wa maji ya mvua. Shikilia futi kwenye picha ionekane limeingia kiasi gani. Kama shida ni mizizi na ukuta una ufa, chora alama ya penseli pale ufa unapoishia na uandike tarehe, ukisogea kila mtu ataona. Risiti za mafundi tunza zote.

Hatua ya 3: Ongea naye

Nenda mwenyewe, hasira zikiwa zimeshuka, mwonyeshe hilo tawi kwa macho yake. Wengi hawajui kabisa mti wao unafanya nini upande wa pili. Mkishakubaliana tuma meseji fupi: "Jirani, asante kwa leo, tumekubaliana tawi linalogonga bati likatwe Jumamosi, gharama nusu kwa nusu." Akijibu sawa, una maandishi.

Hatua ya 4: Andika barua

Akikaa kimya, mwandikie: tatizo ni nini, limeharibu nini, unataka afanye nini, na kabla ya tarehe gani. Baki na nakala. Barua inamfungia kisingizio cha "sikujua", na tawi likija kuanguka, hapo ndo utaona uzito wa hiyo barua.

Hatua ya 5: Kukata mwenyewe

Hapa soma sheria ya nchi yako maana zinapishana sana. Uingereza, tangu kesi ya Lemmon dhidi ya Webb iliyoamuliwa 1894, unaruhusiwa kukata matawi yaliyovuka hata bila notisi, mradi hukanyagi kwake. Ufaransa, kifungu cha 673 cha sheria ya madai kinakuruhusu kukata mizizi mwenyewe, ila matawi unamlazimisha mwenye mti ndo akate. Ujerumani unampa kwanza muda wa kutosha, na tawi lazima liwe linakusumbua kweli.

Popote ulipo, kata mpaka mwisho wa mstari wako tu, usiingie kwake bila ruhusa, usiukate mti kiasi cha kuuua, na ulizia halmashauri kama ni mti unaolindwa, maana hapo bila kibali unaweza kupigwa faini hata kama tawi liko juu ya kitanda chako. Matunda nayo yana sheria zake: 1919, kwenye kesi ya Mills dhidi ya Brooker, mtu alichukua matufaa ya matawi yaliyoingia kwake akayauza, mahakama ya Uingereza ikamwambia alipe. Ujerumani tunda likidondoka lenyewe kwako ni lako.

Hatua ya 6: Mpatanishi, halafu mahakama

Tafuta mtu wa kati mnayemheshimu wote au kituo cha usuluhishi, mkiafikiana muandike na msaini. Ikishindikana fungua kesi ya madai, omba amri ya kukata pamoja na fidia ya uharibifu, na peleka kila kitu cha hatua ya 1 mpaka ya 4. Ila mti ukiwa umeinama au umeoza shina usisubiri mlolongo huu, hamisha watu wanaolala chini yake, toa taarifa halmashauri siku hiyohiyo na mwambie wakili aombe amri ya dharura.