Mkono wa Kenny Clarke: jinsi ya kujifunza dramu za jazi ukiwa Mwanza mpaka na wewe ufundishe

Madogo wengi wanaokuja kwangu, wa Nyegezi, wa Igoma, dramu wamejifunzia kanisani na karibu wote wana shida moja, mguu mzito. Kwaya ina watu arobaini, spika zinakoroma, basi dogo anaikanyaga ile dramu kubwa ya mguuni kila pigo ili asikike. Kwenye kwaya inafaa sana. Ila kwenye jazi unamfunika mpiga besi na ukimfunika huitwi tena, mimi niliwahi kuachwa na bendi moja kwa sababu hiyo hiyo na iliniuma mno.

Ndo maana naanzaga na Kenny Clarke. Mmarekani, kazaliwa Pittsburgh 1914. Kabla yake wapigaji wengi walikuwa wanashikilia mapigo manne kwa mguu, yeye akayapeleka kwenye simbali kubwa ya mkono wa kulia, ile raidi, mguu akauachia kazi ya kushtua tu, pigo moja hapa, lingine kule. Nyimbo zilikuwa za kasi mno, mguu haufuati. Mwanzoni mwa miaka ya 1940 alikuwa pale Minton's, klabu ya Harlem, New York, pamoja na mpiga piano Thelonious Monk, ndo jikoni kwa bibopu pale, ile jazi mpya ya kasi. 1956 akahamia Paris, akaishi Ufaransa mpaka kufa 1985, anapiga na anafundisha.

Sasa wewe fanya hivi. Kama huna dramu usingoje, ning'iniza mfuniko wa sufuria kwa kamba, tafuta vijiti viwili, inatosha kabisa. Hesabu moja mbili tatu nne, na kila hesabu igawe vipande vitatu kichwani. Mkono wa kulia unapiga moja, unapiga mbili, unapiga kile kipande cha mwisho cha mbili, halafu tatu, nne, na kipande cha mwisho cha nne. Itamke kwanza kwa mdomo: ting, ting-ka, ting, ting-ka. Mguu wa kushoto unafunga haihati, zile simbali mbili za kukanyaga, kwenye mbili na nne basi. Mguu wa kulia wiki mbili za kwanza usiguse kitu, nasisitiza, usiguse.

Metronomu ya simu, ile app ya kulia mapigo, iweke 60 kwa dakika, lakini ile milio ihesabu kuwa ndo mbili na nne, yaani wewe unakuwa unaenda kasi ya 120. Siku za kwanza mkono utakimbia sana na utajiona umepotea, we endelea dakika 20 bila kusimama, kiganja kilegee, kijiti kidunde chenyewe kama mpira, na kasi usiongeze mpaka uweze kuongea na mtu huku unapiga.

Hapo sasa rudisha mguu wa kulia, taratibu kiasi kwamba aliyekaa mlangoni asiusikie, halafu pigo zito liweke pale sentensi ya muziki inapoisha tu. Ukipata nauli nenda Bujora, Kisesa, kwenye makumbusho ya Wasukuma, siku wanapocheza ngoma. Mimi kuna mzee nilimwona pale kwenye ngoma kubwa, ametulia tuli anamwangalia mchezaji, mchezaji akigeuka ndo anashusha pigo. Nilielewa siku ile.

Kuhusu kwenda kupiga nje ya nchi, kibali cha Basata, Baraza la Sanaa la Taifa, kifuatilie mapema. Ila kitu nachokililia zaidi ni kufundisha, maana shoo haziko kila siku lakini mwanafunzi anakuja kila wiki na kodi ya nyumba inataka kila mwezi. Clarke aliweza kwa sababu alijua muziki wenyewe, alikuwa anapiga piano pia, na wimbo wa Epistrophy walitunga yeye na Monk. Kwa hiyo kile kinanda cha kanisani kikae usoni kwako, na kusoma nota ujue.

Kisha chukua mtoto wa jirani, nusu saa kila Jumamosi. Mfundishe ting, ting-ka kwa maneno tu, bila kumshika mkono. Akikosea andika neno ulilotumia, wiki ijayo jaribu lingine.