Kuchunguza ujira wa vibarua Lubumbashi: anza na daftari la siku

Usimuulize kibarua "unalipwa ngapi kwa mwezi?" Hana mwezi. Ana siku alizotumika na siku alizorudishwa getini. Atakutajia pesa ambayo angepata kama angeitwa kila siku, nawe utachapisha mshahara asioushika kamwe. Uliza siku moja moja: "Siku ya kwanza ulitumika? Ya pili je?" Jaza majuma manne, kwa watu wasiopungua kumi wa kazi moja.

Kila siku andika saa ya kutoka nyumbani, saa ya kuanza na kumaliza, pesa aliyoahidiwa, iliyofika mkononi, nauli ya taksi-basi na kitu cha kapita, yaani pesa anayompa msimamizi wa vibarua ili aitwe kazini. Hapo kwa kapita utakwama. Hakuna anayekiri mbele ya wenzake kwamba hununua nafasi, kwa hiyo mfuate peke yake, kwake mtaani, Katuba au Ruashi, jioni. Getini usisimame hata kidogo.

Sasa piga hesabu. Tuseme ameahidiwa 22,000 FC (franka za Kongo) kwa siku, juu kidogo ya kima cha chini cha 21,500 kinachotumika tangu Januari 2026. Ametumika siku 14, amerudishwa 8. Jumla ni 308,000. Toa nauli ya 2,000 kwa siku zote 22, yaani 44,000, kisha 1,000 ya kapita kwa siku 14. Zinabaki 250,000. Gawa kwa 22: kila siku aliyoamkia kazi imempa kama 11,360.

Lakini usiandike kwamba mwajiri amevunja sheria kwa hesabu hiyo. Kima cha chini hupimwa kwa siku iliyotumikwa. Nauli na siku za getini hazimo. Ukichanganya hayo mawili, mwanasheria wa kampuni ataibomoa makala yote kwa aya moja.

Sheria itafute kwingine katika daftari lilelile. Kwa Kanuni ya Kazi ya Kongo ya 2002, kibarua aliyekwisha kutimiza siku 22 ndani ya miezi miwili, akichukuliwa tena kabla miezi hiyo haijaisha, huhesabiwa kuwa na mkataba usio na kikomo. Angalia basi nani "hupumzishwa" siku ya 20 au 21, na nani hubadilishiwa jina la kampuni ndogo huku kapita akiwa yuleyule. Kama amekatwa 5% ya CNSS, mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii, aende mwenyewe kuuliza kama jina lake limo.

Ujira ukitajwa kwa dola na kulipwa kwa franka, andika kiwango cha mwajiri na cha wabadilisha pesa wa barabarani, siku hiyohiyo. Kesho hakitakuwa na maana.

Majina yawe herufi, na orodha ya kuyafumbua ikae mbali na simu yako. Beji usipige picha: namba yake inatosha kumfukuzisha mtu. Ukimpelekea mwajiri maswali, mpe jumla za kundi zima, kamwe si tarehe za mtu mmoja. Anayo orodha ya walioingia kila asubuhi.